Acha simu ndani, utoke nje



Asubuhi tukipita nyumba kwa nyumba, tunakuta watu wenye macho mekundu. Ukiwauliza kama ni malaria, wanajibu: "Hapana, nilikesha kwenye simu natafuta habari za nyumbani." Pengine na wewe ni mmoja wao. Hata mimi nimewahi kukesha hivyo.

Hatusemi simu ni mbaya. Mimi ni mtoto wa Kabonga, mwambao wa Ziwa Tanganyika. Mwaka 2015 tulivuka mpaka hadi Kagunga, tukangoja meli ya Liemba itupeleke Kigoma. Simu ziliisha moto, na wazazi waliteseka kwa kukosa habari. Lakini simu isiyozimwa nayo inaumiza: mwanga wake usiku unafukuza usingizi, na habari mbaya zikifuatana zinaongeza wasiwasi.

Kumbuka wavuvi wetu wa ndagala. Wanavua usiku kwa taa. Mwezi ukiwa mpevu taa hazivuti samaki vizuri, basi wanabaki nchi kavu, wanashona nyavu na kuongea. Baadaye wanarudi ziwani na nguvu.

Na wewe jaribu hivi:

- Kila siku kaa nje saa moja bila simu. Saa kumi ya jioni inafaa, kabla ya giza kuleta mbu wa malaria.
- Ukiogopa kukosa habari, mwachie simu jirani unayemwamini. Likitokea jambo la haraka, atakuita.
- Tembea, palilia bustani, cheza mpira. Shirika la Afya Duniani linashauri mtu mzima afanye mazoezi angalau dakika 150 kwa wiki. Ni nusu saa kwa siku tano.
- Mtoto wa chini ya miaka 2 asipewe simu kuangalia. Wa miaka 2 hadi 4, isizidi saa moja kwa siku. Mwache acheze nje, mtu mzima akimwangalia. Mwanga wa mchana unasaidia macho yake yaendelee kuona mbali.
- Usiku, simu ilale mbali na kitanda.

Ukikosa usingizi wiki mbili, au moyo ukikosa raha kila siku, njoo kituo cha afya. Si wazimu wala si aibu. Vita na safari vinachosha roho kama vinavyochosha miguu.

Leo jioni, mwite jirani yako mtoke pamoja.