Sinema Iliyotiwa Kiswahili kwa Santuri

Tukitaja sinema za zamani wengi wetu hapa Malindi hukumbuka picha za Kihindi. Leo nawaomba tupande milima ya Usambara, juu ya Tanga, hadi Vugiri, ambako mwaka 1935 palianzishwa kiwanda cha filamu za kusema Kiswahili.

Mtengenezaji wake alikuwa Meja L. A. Notcutt, Mwingereza aliyepata kuwa meneja wa mashamba ya mkonge Afrika Mashariki. Sisi wa Kilifi, majirani wa mkonge wa Vipingo, twaijua kazi hiyo: jua, miba, na jioni kibarua hana la kufanya. Mwaka 1926 Notcutt aliwaza kwamba sinema ingewatuliza vibarua. Wazo likakua likawa mradi wa filamu za mafunzo, fedha zikatoka shirika la Carnegie la Marekani, na mwenzake akawa G. C. Latham.

Mtihani ulikuwa sauti. Hata Wafaransa iliwahangaisha: mwaka 1929 kampuni ya Pathé-Natan ilivuka bahari hadi Twickenham, Uingereza, kupiga picha ya "Les Trois Masques", kwa kuwa studio za kwao hazikuwa tayari. Kisha huko Joinville, karibu na Paris, Paramount ikawa yaipiga hadithi moja mara kadhaa, kila lugha na waigizaji wake. Gharama iliyoje! Notcutt hakuwa na mali hiyo. Yeye alipiga picha bubu, maneno akayatia katika santuri. Picha ni ile ile. Uganda huwekwa sahani ya Kiganda, Nyasaland, ndiyo Malawi ya leo, sahani ya Kinyanja. Sindano ikiruka, mtu kwenye kitambaa amekwisha funga mdomo na maneno yake yangali yaja.

Hila hiyo naisifu. Maneno yenyewe ndiyo yanayonitia shaka. Filamu ya kwanza ilihusu Benki ya Posta: vibarua wawili wapokea mshahara, mmoja afukia fedha zake zikaibwa, wa pili aweka benki. Nyingine zilihusu kodi, safura, kilimo cha kahawa. Mimi niliyelelewa chuoni nimezoea kwamba anayenisomesha yupo mbele yangu, nami naweza kumwuliza. Mwislamu wa Pwani angeuliza habari ya riba ya benki ile. Sahani haiulizwi, yasema ikaisha, kisha huwekwa nyingine.

Filamu kama 35 zilitoka Vugiri, wachezaji wakiwa wenyeji wasiojua uigizaji kabla ya hapo. Lori lilizitembeza Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini. Mwaka 1937 serikali za kikoloni zilikataa kuugharamia mradi, ukafungwa. Mwaka huo huo Notcutt na Latham walitoa kitabu juu ya kazi yao. Wamekiandika kwa Kiingereza.