Mtunzi wa Kipindi Kisicho na Mtunzi

Wengi hudai vipindi vya maisha halisi katika televisheni havina mtunzi. Hebu tuangalie. Mwaka 1989, baada ya mgomo wa waandishi wa Marekani wa 1988, Fox ilianza kurusha COPS: mswada hakuna, waigizaji hakuna, kamera tu nyuma ya polisi. Rahisi mno! Vituo vikanusa faida. Big Brother ilizaliwa Uholanzi mwaka 1999. Ya Afrika ikaja 2003, Mwisho Mwampamba wa Tanzania akashika nafasi ya pili. Lakini jamani, saa 24 za kamera zikikatwa kuwa kipindi kifupi, nani huchagua kilio kipi kibaki? Mimi nasema mhariri huyo ndiye mtunzi. Ndiye aamuaye huyu awe steringi, yule adui. Mbona hatumhakiki?