Jumatatu si siku ya kwanza: namna ya kupunguza msongo wa masomo ya mtandaoni wiki inapoanza

Na Mwandishi Wetu, Mvomero

MLALI, kata ya Wilaya ya Mvomero iliyo chini ya miteremko ya magharibi ya Milima ya Uluguru mkoani Morogoro, huamka mapema siku ya Jumatatu. Wakulima wa nyanya na mbogamboga hushika njia ya bustanini, wanafunzi huwahi paredi, nao walimu huanza maandalizi ya vipindi vya wiki. Katika miaka ya karibuni siku hiyo imeongezewa kazi nyingine isiyoonekana barabarani, nayo ni masomo yanayofuatwa kwa simu, kishikwambi au kompyuta.

Wanaojifunza kwa njia hiyo si kundi moja. Wapo wanafunzi wa Chuo Kikuu Mzumbe, jirani wa Mlali, ambacho kilipata hadhi ya chuo kikuu mwaka 2001. Wapo watumishi wanaosoma katika Chuo Kikuu Huria cha Tanzania, kilichoanzishwa kwa Sheria Namba 17 ya mwaka 1992 ili kuwafikia watu wasioweza kuacha kazi na familia zao. Wapo pia walimu wanaoshiriki Mafunzo Endelevu ya Walimu Kazini, maarufu kwa jina la MEWAKA, ambayo hutumia pia mfumo wa kielektroniki wa Taasisi ya Elimu Tanzania (TET). Vishikwambi vilivyotumika katika Sensa ya Watu na Makazi ya mwaka 2022 vilielekezwa kwenye sekta ya elimu, na kwa walimu wengi wa vijijini hicho ndicho kifaa chao cha kwanza cha kusomea.

Fursa hiyo ni kubwa, lakini ina mzigo wake, na mzigo huo huwa mzito zaidi wiki inapoanza. Makala haya yanaeleza kwa nini hali huwa hivyo, na nini kinaweza kufanywa na mwanafunzi, familia yake na taasisi inayomfundisha.

Kwa nini Jumatatu?

Mifumo mingi ya kufundishia mtandaoni, ikiwamo Moodle inayotumiwa na vyuo vingi duniani, huruhusu somo kupangwa kwa wiki. Mada mpya hufunguliwa wiki inapoanza, na kazi za wiki iliyopita mara nyingi hufungwa usiku wa Jumapili. Hivyo mwanafunzi hujikuta mbele ya milango miwili kwa wakati mmoja: mmoja unafungwa kabla hajamaliza, mwingine unafunguliwa kabla hajawa tayari.

Tuchukue mfano wa mwalimu wa shule ya msingi anayesoma shahada kwa masafa. Usiku wa Jumapili anahangaika kupakia kazi yake huku mtandao ukisuasua. Analala baada ya saa sita usiku. Alfajiri anaamka kuandaa watoto wake, kisha anawahi shuleni kwa paredi na maandalio ya masomo. Saa nne asubuhi, wakati wa mapumziko, anafungua simu na kukuta matangazo saba, video mbili na jaribio moja. Hakuna lolote kati ya hayo lililo gumu kupita uwezo wake. Kinachomlemea ni kwamba yote yamefika pamoja, naye hajui aanze na lipi.

Wataalamu wa afya ya akili hueleza kuwa msongo ni namna mwili unavyojibu pale mtu anapoona mahitaji yamezidi uwezo alionao. Mwili humwaga homoni za adrenalini na kotisoli, moyo huenda mbio na misuli hukaza. Kwa muda mfupi hali hiyo husaidia, kwani humfanya mtu awe macho na amalize kazi. Ikiendelea siku baada ya siku, huharibu usingizi, hupunguza umakini na kudhoofisha kumbukumbu, yaani huharibu zana zilezile anazozihitaji mwanafunzi.

Mabadiliko ya saa za kulala mwishoni mwa wiki huongeza ugumu. Anayelala na kuamka kwa kuchelewa Jumamosi na Jumapili huisogeza saa ya mwili wake. Jumatatu alfajiri anapolazimika kuamka, mwili bado unadhani ni usiku.

Milima nayo ina sehemu yake. Mawimbi ya simu husafiri vizuri pale ambapo hakuna kizuizi kati ya mnara na mtumiaji. Katika maeneo ya Uluguru, mtu anaweza kupata mawasiliano mazuri juu ya kilima na kuyakosa bondeni, hatua chache tu kutoka hapo. Serikali, kupitia Mfuko wa Mawasiliano kwa Wote ulioanzishwa kwa sheria ya mwaka 2006, hutoa ruzuku ya kujenga minara katika maeneo yasiyo na mvuto wa kibiashara, na mwaka 2023 ilisainiwa mikataba ya ujenzi wa minara 758 nchini. Hata hivyo, mwanafunzi anayesoma leo anahitaji mbinu ya leo.

Mafunzo yaliyomo katika majina ya siku

Lugha ya Kiswahili yenyewe inatoa mwongozo ambao wengi wetu tumeusahau. Katika hesabu ya majina ya siku zetu, Jumatatu si siku ya kwanza ya wiki. Siku ya kwanza ni Jumamosi, yaani siku ya mosi, ikifuatiwa na Jumapili. Jumatatu ni siku ya tatu. Mwanafunzi anayeihesabu wiki kwa namna hiyo hushika kalamu Jumatatu akiwa tayari amejiandaa kwa siku mbili, bila kuzigeuza siku hizo kuwa za kazi nzito.

Jumamosi iwe siku ya kutazama na kupanga. Nusu saa inatosha kufungua mfumo, kusoma matangazo yote na kuandika katika daftari kazi za wiki, tarehe zake na muda ambao kila kazi itachukua. Jambo likishaandikwa, akili huacha kulibeba. Kazi kubwa zikatwe vipande. “Kuandika insha” ni mlima, lakini “kusoma kurasa tano na kuandika hoja tatu” ni kazi ya jioni moja.

Jumapili iwe siku ya kupakua na kupumzika. Mtandao huwa na msongamano mdogo usiku wa manane na alfajiri kuliko saa za jioni, na baadhi ya watoa huduma wana vifurushi vya usiku. Anayewahi kulala na kuamka alfajiri anaweza kupakua masomo kwa saa moja bila kuuharibu usingizi wake. Maandishi yapakuliwe kwanza, kisha sauti, na video mwisho. Video ya saa moja inaweza kumaliza mamia ya megabaiti za bando, ilhali sauti ya kipindi hichohicho hutumia sehemu ndogo tu, na maandishi hutumia kidogo zaidi. Simu ichajiwe, nywila ihakikiwe kuwa inafanya kazi, kisha kifaa kifungwe. Usiku wa Jumapili ni wa kulala.

Jumatatu, siku ya tatu, ianze na kazi moja ndogo inayoweza kumalizika ndani ya dakika 20 au 30. Kukamilisha jambo moja mapema humrudishia mtu hisia kwamba wiki iko mikononi mwake. Matangazo mapya yanayoingia siku hiyo yaandikwe daftarini na kupangiwa siku yake, badala ya kujibiwa yote papo hapo.

Tahadhari kuhusu saa

Ipo sababu moja ya msongo ambayo huwapata hasa wanaozungumza Kiswahili, nayo ni tofauti kati ya saa zetu na saa za mfumo. Kompyuta huanza siku mpya saa sita usiku, na saa hiyo huandikwa 00:00. Kazi iliyoandikiwa mwisho “Jumatatu 00:00” hufungwa usiku wa kuamkia Jumatatu, wakati Jumapili inapokwisha. Anayedhani amepewa Jumatatu nzima atakuta mlango umefungwa tangu alipokuwa usingizini.

Anayesoma katika chuo cha nje ya nchi aangalie pia majira ya saa. Tanzania iko saa tatu mbele ya majira ya Greenwich, hivyo saa 23:59 ya Jumapili kwa majira hayo ni saa 8:59 usiku wa kuamkia Jumatatu hapa nchini. Njia salama ni kuandika kila mwisho wa kazi kwa saa za Kiswahili, pamoja na neno asubuhi, mchana, jioni au usiku, kisha kujiwekea mwisho wake binafsi saa 24 kabla ya ule wa mfumo.

Kusoma kwa mbali si kusoma peke yako

Hatari kubwa ya masomo ya mtandaoni haiko katika bando wala katika saa. Darasani, mwanafunzi asipofika kiti chake hubaki kitupu, mwalimu huuliza na wenzake humfuata nyumbani. Mtandaoni hakuna kiti. Mtu anaweza kukosa wiki ya kwanza, akaona aibu kurudi wiki ya pili, na kufikia ya nne akawa ameacha masomo bila yeyote kutambua. Ada imelipwa, ndoto imekatika, na wengine wanadhani bado anasoma.

Tanzania ina historia nzuri ya kuikwepa hatari hiyo. Mwaka 1973, katika kampeni ya Mtu ni Afya, wananchi wapatao milioni mbili walijifunza kanuni za afya kwa njia ya redio. Mwalimu alikuwa mbali, lakini wanafunzi walikaa pamoja katika vikundi vyenye kiongozi. Walisikiliza kipindi, wakasoma kijitabu, wakajadili, kisha wakakubaliana la kufanya, kama vile kuchimba choo au kufyeka mazalia ya mbu. Teknolojia ilileta sauti, na kikundi kikamshika mtu asianguke.

Mbinu hiyo inawezekana Mlali leo. Wanafunzi watatu au wanne, hata wakiwa wa vyuo tofauti, wanaweza kukutana mara moja kwa wiki mahali penye mawasiliano mazuri. Mmoja akapakua na wengine wakanakili, wakagawana gharama na kuulizana walipofika. Kikundi kikubaliane sharti moja: asiyeonekana kwa wiki moja apigiwe simu. Kidole kimoja, walinena wahenga, hakivunji chawa.

Wajibu wa familia na taasisi

Si haki kumwachia mwanafunzi mzigo wote. Familia nyingi humwona anayesoma kwa simu kama mtu anayechezea simu, na humtuma kila baada ya dakika tano. Wanawake huumia zaidi, kwa kuwa maji, chakula na watoto huwasubiri hata wakati wa kipindi. Saa moja iliyokubaliwa nyumbani, ambayo mama au binti hatatumwa wala kuitwa, ina thamani kuliko bando kubwa.

Taasisi nazo zilijifunza mengi mwaka 2020, pale shule na vyuo vilipofungwa mwezi Machi kutokana na ugonjwa wa UVIKO-19 kabla ya vyuo kufunguliwa tena Juni 1. Baadhi ya marekebisho hayahitaji bajeti. Mhadhiri anaweza kufungua mada mpya Ijumaa, akaweka mwisho wa kazi Jumatano badala ya usiku wa Jumapili, akatoa maandishi au sauti sambamba na kila video, na kukusanya matangazo yote ya wiki katika tangazo moja. Mfumo pia humwonesha mwalimu ni nani hajaingia kwa siku kadhaa. Ujumbe mfupi wa kumjulia hali mwanafunzi huyo ndio kiti kitupu kinachoonekana.

Msongo unapozidi

Msongo wa Jumatatu unaoisha Jumanne ni wa kawaida. Dalili za hatari ni kukosa usingizi au hamu ya kula, kulia bila sababu, kukata tamaa, kujitenga na watu au kuongeza matumizi ya pombe, hasa hali hiyo ikidumu kwa wiki mbili au zaidi. Mwenye dalili hizo afike katika kituo cha afya kilicho karibu, ambako anaweza kupewa rufaa hadi hospitali ya wilaya au ya mkoa. Mwenye mawazo ya kujidhuru asisubiri wiki mbili, bali amweleze mtu wa karibu na apelekwe kupata huduma siku hiyohiyo. Wizara ya Afya hutoa ushauri kupitia namba ya simu 199, na kwa watoto ipo Huduma ya Simu kwa Mtoto kwa namba 116.

Kuomba msaada si udhaifu. Wakulima wa Uluguru hawasubiri mvua kubwa ndipo watengeneze matuta, kwani wanajua maji ya mlimani hayangoji. Vivyo hivyo, mwanafunzi wa mtandaoni aitengeneze wiki yake Jumamosi, apumzike Jumapili, na amjue mapema mtu atakayempigia simu siku mambo yatakapomzidi.