Karatasi ya isie haifichwi chini ya godoro

Wamama wenzetu, juma hili tunaongea juu ya sheki. Wengi wetu tunauza na kununua kwa franka na dola mkononi, sheki tunaiona kwa wengine. Lakini tangu wamama wa biashara walipoanza kufungua konti banki, kitabu cha sheki kimeingia nyumbani pamoja na matatizo yake.

Mwenzetu mmoja anauza ndakala kule Kalundu. Jina hatulitaji, lakini ametukubalia tusimulie. Alikopa dola 1.000 kwa mfanyabiashara. Yule hakutaka shahidi wala mapatano ya kuandika. Alitaka sheki moja yenye sahihi, bila tarehe, "ya kuweka tu". Mama akatia sahihi. Akawa analipa kidogo kidogo: ndakala zikiwa nyingi analeta 100, mwezi ukiwa mkubwa na mitumbwi haiendi analeta 30. Ziwa lilipofungwa kwa uvuvi, toka 15 Mei mpaka 15 Agosti, hakuleta kitu. Wakati huo alikuwa amekwisha kulipa 650.

Mdai akachoka. Akaandika tarehe kwenye sheki, akajaza 1.000 nzima, akaipeleka banki. Konti haikuwa na pesa, sheki ikarudishwa. Baada ya majuma machache isie wa tribinali akafika nyumbani na kumpa mama amri ya kulipa, mkononi mwake. Mama hasomi Kifaransa vizuri. Akaificha chini ya godoro siku sita, hata mume hakumwambia.

Siku ya saba akaileta kwenye mkutano wetu. Tuseme kweli, wengine kati yetu walisema: ulitia sahihi, lipa. Lakini alipe ngapi? 1.000 au 350?

Tulikwenda naye kwa avoka, na tuliyojifunza huko tunawapa. Tangu 2012 nchi yetu iko ndani ya OHADA, na sheria yake inamruhusu mwenye sheki iliyorudi bila pesa aombe kwa hakimu amri ya kulipa. Hakimu anaitoa kwa kusoma karatasi za mdai peke yake. Mdaiwa haitwi kwanza. Kwa hiyo amri ile si mwisho wa maneno. Mdaiwa ana haki ya kuipinga, na isie analazimika kuandika ndani ya karatasi siku ngapi amepewa na ni tribinali gani ya kwenda. Siku hizo ni chache, na kwa mwenzetu sita zilikuwa zimelala chini ya godoro. Zikipita bila jibu, mdai anaweza kurudi kukamata vitu vya nyumba.

Kumwambia mdai sokoni "nakataa" hakuhesabiwi. Kupinga kunafanywa kwa karatasi ya isie, inayompa mdai habari na tarehe ya kufika mbele ya hakimu. Hiyo inalipwa, sanduku la msaada la kikundi lilimwazima. Asiye na uwezo aulize baro, kuna ofisi ya kutoa mashauri bure.

Mbele ya hakimu, kazi ya kwanza ni kujaribu kuwapatanisha. Wasipopatana, aliyeomba amri ndiye anayepaswa kuhakikisha deni lake. Lakini anayesema amelipa naye alete alama. Mwenzetu aliokolewa na daftari la shule la mtoto wake: kila malipo, tarehe, na kidole cha mdai. Bila daftari lile, sijui tungesema nini!

Avoka alitukemea pia. Kutoa sheki huku unajua konti haina pesa ni kosa la jinai, parke inaweza kukuita. Na maneno ya "kuweka tu" banki haiyajui. Sheki inalipwa siku inapoonyeshwa. Sheki yako ikirudi, omba banki iandike sababu. Mwaka 2025 mabanki ya Bukavu yalipofunga milango kwa vita, sheki nyingine zilikosa kulipwa huku pesa zikiwa ndani ya konti, na hilo ni jambo lingine kabisa.

Mmoja akauliza: mume akidaiwa, mke anaweza kufungwa badala yake? Hapana. Katiba yetu ya 2006, mutajo wa 17, inasema hakuna anayekamatwa kwa kosa la mwingine. Na tangu sheria ya jamaa ilipogeuzwa 2016, mke haombi tena ruhusa ya mume ili ajifunge kwa deni. Ila wote wawili wanapaswa kusikilizana kabla. Mwenzetu ilibidi amweleze mume wake jioni ile ile. Alikasirika, halafu akamsindikiza tribinali.

Walipatana siku ya kwanza. Mapatano yaliandikwa mbele ya hakimu: 350, kwa miezi saba, na sheki irudishwe malipo yakiisha. Mpaka juma hili amebakiza 100. Ndakala zimeanza kutoka tena.