Kivuko cha Magogoni

Ukifika Dar es Salaam na kuuliza njia ya kwenda Kigamboni, mtu atakuambia, "Nenda Feri, upande pantoni." Feri ni mahali. Pantoni ni chombo chenyewe, kivuko kikubwa cha chuma kinachobeba watu, magari, baiskeli na mikokoteni kwa pamoja. Katika maandishi ya serikali mahali hapo huitwa Magogoni. Kwa hiyo usibabaike ukisikia majina mawili. Ufuko ni mmoja.

Kama darasa lenu lina ramani ya Dar es Salaam, itazame. Utaona bahari imeingia ndani ya nchi kwa mlango mwembamba, kisha imetanuka. Hapo ndani ndipo penye bandari. Upande mmoja wa mlango huo uko mji wenyewe, pamoja na Ikulu. Upande wa pili iko Kigamboni. Mtu aliyesimama Kigamboni huyaona majengo ya mjini waziwazi, lakini hawezi kuyafikia kwa miguu. Zamani, aliyetaka kuzunguka kwa nchi kavu alipita Mbagala, akafika Kongowe, kisha akarudi tena kuelekea baharini kupitia Kibada. Kwa pantoni safari hiyo ni ya dakika chache tu.

Hapo kale palikuwa na kijiji cha wavuvi kilichoitwa Mzizima. Katika miaka ya 1860, Sultani Majid wa Unguja alianza kujenga mji kando ya bandari hii, kwa kuwa maji yake yametulia. Majid alifariki mwaka 1870 na kazi ikalala. Wajerumani walifika mwaka 1887. Mwaka 1891 waliyahamisha makao makuu ya utawala wao kutoka Bagamoyo na kuyaleta hapa. Basi mji ukakua upande mmoja wa maji. Ofisi, hospitali kubwa na masoko makubwa yakawa huko. Upande wa pili wakabaki wakulima na wavuvi, na kila aliyekuwa na shida ya mjini ilimbidi avuke.

Si wote waliovuka kuelekea mjini. Mwaka 1961 chuo cha watu wazima kilifunguliwa upande wa Kigamboni, karibu na kivuko. Kiliitwa Chuo cha Kivukoni. Watu wazima kutoka mikoa mbalimbali walikwenda kusoma huko. Tangu mwaka 2005 kinaitwa Chuo cha Kumbukumbu ya Mwalimu Nyerere.

Feri huamka mapema. Upande wa mjini liko soko la samaki, na wavuvi huleta samaki kabla jua halijapanda. Kutoka Mjimwema, Gezaulole, Kimbiji na vijiji vingine vya ng'ambo huja nazi, mihogo na mboga. Wanafunzi huvuka, wafanyakazi huvuka, wagonjwa huvuka. Ukishuka mjini utayakuta mabasi. Tangu mwaka 2016 mabasi ya mwendo kasi yanaanzia hapo Kivukoni kwenda mpaka Kimara. Ukishuka Kigamboni utakutana na daladala, bajaji na bodaboda. Shika mfuko wako vizuri, maana penye watu wengi hapakosi mwizi.

Mwaka huohuo wa 2016, mwezi wa Aprili, daraja la Kigamboni lilifunguliwa. Linaitwa Daraja la Nyerere. Urefu wake ni meta 680, nalo linaunganisha Kurasini na Kigamboni. Wengine walidhani pantoni sasa imekwisha kazi. Haikuwa hivyo. Daraja liko mbali na katikati ya mji, na limemfaa zaidi mwenye gari. Mama mwenye beseni la samaki akipitia darajani atapanda daladala na kuzunguka. Pantoni humshusha mlangoni mwa soko. Ndiyo maana nauli ya pantoni ilipopandishwa mwaka 2012, kutoka shilingi 100 hadi 200, watu wa Kigamboni walilalamika sana. Kwa mtu anayevuka kwenda na kurudi kila siku, shilingi 100 si jambo dogo.

Sasa tuzungumze juu ya mzigo, maana hapa ndipo penye uhai wa mtu. Kila kivuko kina kipimo chake. Chukua mfano wa M.V. Magogoni, pantoni iliyoanza kazi hapa mwaka 2008. Kipimo chake ni abiria 2,000, magari 60, na uzito wa tani 500. Chukua daftari, tupige hesabu. Tuseme kila abiria ana kilo 60. Abiria 2,000 mara kilo 60 ni kilo 120,000, yaani tani 120. Toa tani 120 katika tani 500, zinabaki tani 380. Gawanya kwa magari 60. Kila gari linapata tani 6 na kidogo. Gari dogo halifiki uzito huo. Lakini lori lililojaa saruji au mchanga linaweza kuupita mara tatu na zaidi. Kwa hiyo nafasi inaweza kuonekana bado ipo, huku uzito umekwisha kujaa. Anayekuzuia getini anaona jambo usiloliona wewe.

Chombo kilichozidiwa huzama chini zaidi majini. Tena, mzigo ukiwa mwingi juu, au watu wakikimbilia upande mmoja, chombo huinama na kinaweza kushindwa kujirudisha. Mvuvi wa mtumbwi anajua: ukisimama ghafla, mtumbwi hupinduka. Pantoni nayo ni hivyo hivyo, ila ni kubwa.

Haya si maneno ya kutishana. Tarehe 20 Septemba 2018, kivuko M.V. Nyerere kilipinduka katika Ziwa Viktoria, karibu kabisa na gati la kisiwa cha Ukara. Kipimo chake kilikuwa watu 101. Waliokufa peke yao walikuwa zaidi ya 220. Ilikuwa siku ya gulio, na kila mtu alitaka kuwahi nyumbani. Fundi mmoja alitolewa hai baada ya siku mbili, akiwa ndani ya chombo kilichopinduka.

Basi ukiingia katika pantoni, tafuta kibao chenye kipimo chake ukisome. Tazama jaketi za kuokolea ziko wapi. Kama umekuja kwa gari, shuka uvuke kwa miguu pamoja na abiria wengine, maana ndani ya gari ni vigumu kujiokoa. Pantoni ikikaribia ng'ambo, usikimbilie mlango kabla haujalala vizuri ufukoni.

Na mkichelewa kuondoka, hali pantoni imekwisha kujaa, usimlaumu nahodha upesi. Tazama baharini. Mlango huu wa bahari ndio njia ya meli zote kubwa zinazoingia bandarini na kutoka. Meli haisimami ghafla kama gari, kwa hiyo pantoni huisubiri ipite kwanza.