Meiko Kaji: Malkia wa kisasi aliyeacha macho yaseme

WATAZAMAJI wengi nje ya Japani waliisikia sauti ya Meiko Kaji kabla ya kuijua sura yake, pale mwongozaji wa Marekani, Quentin Tarantino, alipotumia nyimbo zake mbili katika filamu za ‘Kill Bill’ za mwaka 2003 na 2004.

Nyimbo hizo zilikuwa na umri wa miaka 30 hivi. Zilitoka katika filamu za kisasi zilizompatia mwigizaji huyo umaarufu.

Kaji, aliyezaliwa Tokyo mwaka 1947 kwa jina la Masako Ota, alijiunga na kampuni ya filamu ya Nikkatsu mwaka 1965. Nyota yake ilianza kung’ara mwaka 1970 katika mfululizo wa ‘Stray Cat Rock’, unaohusu magenge ya vijana wa mjini.

Mwaka 1971, baada ya televisheni kuwavuta watazamaji, Nikkatsu iliamua kujinusuru kwa kutengeneza filamu za ngono. Kaji hakukubali njia hiyo, akahamia kampuni ya Toei.

Huko alipewa nafasi ya Matsu katika ‘Female Prisoner Scorpion’ ya mwaka 1972, kisa cha mwanamke anayefungwa baada ya kusalitiwa na mpenzi wake, ofisa wa polisi. Katika kitabu cha katuni kilichozaa filamu hiyo, Matsu ni mtu wa matusi. Kaji aliyakataa matusi hayo, na mhusika akawa karibu bubu.

Uamuzi huo ndio uliomjenga. Kwa kuwa Matsu hasemi, kamera ililazimika kuyafuata macho yake, nayo yakabeba hasira yote. Aliigiza filamu nne za mfululizo huo hadi mwaka 1973.

Mwaka huohuo alikuwa Yuki katika ‘Lady Snowblood’, binti aliyezaliwa gerezani ili alipize kisasi cha familia yake kwa upanga.

Hata hivyo, sifa ya aina moja humfunga msanii. Kaji alithibitisha upana wa kipaji chake mwaka 1978 katika ‘Double Suicide of Sonezaki’, iliyotokana na tamthilia ya kale ya Chikamatsu, na kutunukiwa tuzo za mwigizaji bora wa kike nchini mwake.

Baadaye alihamia zaidi katika televisheni, ile ile iliyowahi kuzitikisa kampuni za filamu. Kuanzia mwaka 1989 aliigiza katika tamthilia ya ‘Onihei Hankacho’, iliyofikia tamati mwaka 2016.