Methani ya Kivu: Rekodi za Wasioonekana

Ukiuliza rekodi za mji wa Goma, kila mtu atakuonyesha mlima, na ana haki. Tarehe 10 Januari 1977 ziwa la lava lililokuwa kileleni mwa volkano ya Nyiragongo lilipasua ubavu na kumwagika lote kwa muda mfupi mno. Lava iliteremka kwa kasi inayokadiriwa kufikia kilomita 60 kwa saa, kasi ambayo vitabu vya volkano bado huitaja kuwa kubwa kuliko zote. Mlima ulishuka tena mjini tarehe 17 Januari 2002, ukapita katikati ya maduka na juu ya kipande cha uwanja wa ndege hadi ziwani, na ukarudi usiku wa tarehe 22 Mei 2021.

Mwaka huohuo wa 1977, mwezi wa Novemba, Carl Woese na George Fox wa Chuo Kikuu cha Illinois, Marekani, walichapisha makala iliyoonyesha kwamba vijidudu vinavyotengeneza methani si bakteria, ingawa kwa miaka mingi vilihesabiwa humo. Ni ukoo wa peke yake, ambao leo unaitwa arkea. Vijidudu vya ukoo huo vinaishi katika tope na maji ya chini ya Ziwa Kivu, mamia ya mita chini ya mitumbwi ya wavuvi wa samaki wadogo waitwao sambaza. Habari za lava zimeandikwa sana. Hivi havisimuliwi sana kwa lugha yetu, na kwa maoni yangu rekodi zake ni nzito kuliko za mlima.

Kazi ya vijidudu hivi huitwa methanojenesi. Katika baiokemia jina hilo lina mipaka: ni utengenezaji wa methani ndani ya seli hai, kwa vimeng'enya vya seli hiyo, ili kiumbe chenyewe kipate nguvu za kuishi. Gesi iliyopikwa na joto la miamba peke yake haimo. Hayo yanaweza kuonekana mambo ya darasani, hadi uulize swali ambalo Goma huuliza kila ardhi inapotetemeka: gesi ya ziwa letu imetoka wapi?

Wengi hujibu: kwenye volkano. Hiyo ni nusu ya jibu. Kinachopanda kutoka chini ya ardhi kwa wingi ni kabonidioksidi. Arkea huichukua, huiunganisha na haidrojeni, na kutoa methani na maji: molekuli 1 ya kabonidioksidi kwa 4 za haidrojeni. Arkea wengine hutumia asetati, mabaki ya mwani uliooza baada ya kuzama. Wataalamu walijuaje? Walipima kaboni ya methani ya Kivu wakaikuta ina kaboni-14 kidogo mno, alama ambayo kila mmea uliokua katika maelfu ya miaka ya karibuni huwa nayo. Sehemu kubwa ya kaboni hiyo haikuwahi kuwa jani wala mwani. Makadirio yanayotajwa zaidi huipa njia ya kabonidioksidi takriban theluthi mbili ya methani yote, na asetati theluthi moja. Volkano inaleta malighafi, uhai unafanya kazi.

Ziwa lenye methani nyingi kuliko yote

Kivu liko mita 1,460 hivi juu ya usawa wa bahari na kina chake kinafika takriban mita 485. Gesi iliyoyeyuka humo, kama ingetolewa nje ikapimwa kwa mgandamizo wa kawaida wa hewa, ingejaza kilomita za ujazo 60 za methani na 300 za kabonidioksidi. Hakuna ziwa jingine linalojulikana duniani lenye methani kiasi hicho ndani ya maji yake.

Gesi haitoki kwa sababu maji hayachanganyiki. Chini ya mita 60 hivi hakuna oksijeni kabisa. Maji ya chini yana joto kuliko ya juu, jambo ambalo lingeyafanya yapande, lakini chumvi na kabonidioksidi huyafanya mazito yakabaki palepale. Karibu na mita 260 uzito huo unaongezeka ghafla, na tabaka hilo linafanya kazi kama kifuniko cha sufuria. Maji yaliyo chini yake hukaa huko kwa muda wa karne nyingi, na arkea wana nafasi ya kukusanya kidogokidogo.

Kuna maziwa matatu duniani yanayotajwa pamoja kwa hatari ya gesi kufumuka ghafla kutoka majini, mawili yakiwa Kameruni. Monoun lililipuka tarehe 15 Agosti 1984 na kuua watu 37. Nyos lililipuka tarehe 21 Agosti 1986, na kabonidioksidi yake iliteremka mabondeni usiku na kuua watu zaidi ya 1,700 pamoja na ng'ombe wao. Nyos halifiki hata kilomita 2 za mraba. Kivu lina zaidi ya 2,300, na watu zaidi ya milioni 2 wanaishi kandokando yake.

Ndiyo maana Mei 2021, magma ilipojipenyeza chini ya mji kuelekea ziwani na watu wa mitaa kumi ya Goma wakaamriwa kuhama tarehe 27, hofu haikuwa ya lava peke yake. Familia zilibeba magodoro kuelekea Sake, Rubavu na Bukavu bila kujua kama ziwa lingetulia. Lilitulia. Hata mwaka 2002, lava ilipoingia majini, haikufika kwenye matabaka ya gesi, ambayo yako chini zaidi.

Hapa nina jambo la kusema kwa uzito. Mwaka 2005 utafiti ulidai kwamba methani ya Kivu imeongezeka kwa takriban asilimia 15 hadi 20 tangu vipimo vya miaka ya 1970, na habari hiyo ilizunguka dunia: arkea wanaharakisha, ziwa linajaa, mwisho uko karibu. Machi 2018 timu kadhaa zenye vyombo tofauti zilipima ziwa lilelile kwa wakati mmoja. Matokeo yaliyochapishwa mwaka 2020 hayakuona ongezeko hilo. Kiasi cha gesi kinakaribia kusimama palepale. Kwa sasa gesi ni takriban nusu tu ya kiasi ambacho maji ya kina hicho yanaweza kubeba kabla ya kuanza kutoa mapovu. Habari ya kwanza ilisafiri sana. Ya pili inastahili kufika mitaa ya Himbi, Majengo na Kyeshero kwa sauti hiyohiyo.

Na mazuku? Haimo katika methanojenesi hata kidogo. Mazuku ni kabonidioksidi inayotoka moja kwa moja kwenye nyufa za ardhi, hasa upande wa magharibi wa mji kuelekea Sake. Ni nzito kuliko hewa, haiwaki moto, haina harufu, na hulala mashimoni. Methani ni nyepesi kuliko hewa na huwaka. Zote mbili zikiitwa gazi tu, mtu atajilinda na ile isiyo mlangoni kwake. Aliyesimama anaweza kupumua salama mahali ambapo mtoto wake, au mtu aliyelala chini kwenye hema la wakimbizi, anakosa hewa.

Koenzimu ndogo kuliko zote

Vimeng'enya vingi haviwezi kazi bila molekuli ya kusaidia, inayoitwa koenzimu. Nyingi ni kubwa, zenye pete na mikia. Mwaka 1971 Barry McBride na Ralph Wolfe, nao wa Illinois, waligundua ile inayobeba kaboni katika hatua ya mwisho ya methanojenesi, na umbo lake likafahamika mwaka 1974. Inaitwa koenzimu M. Ina kaboni 2 tu, na salfa kila upande. Katika koenzimu zote za kikaboni zinazojulikana, hakuna iliyo ndogo kuliko hii.

Inapokelewa na kimeng'enya kinachoitwa metili-koenzimu M riduktasi. Karibu methani yote ambayo viumbe hai hutoa duniani, katika mabwawa, mashamba ya mpunga, matumbo ya mchwa na chini ya Kivu, hupita katika kimeng'enya hiki kimoja. Moyoni mwake kuna molekuli ya manjano yenye nikeli, F430, iliyopewa namba hiyo kwa sababu hufyonza mwanga wa nanomita 430. Ni ndugu wa hemu inayofanya damu kuwa nyekundu na wa klorofili inayofanya majani kuwa kijani, na katika ukoo huo wote wa asili ndiyo iliyojazwa elektroni nyingi zaidi. Umbo la kimeng'enya kizima lilichorwa mwaka 1997 na Ulrich Ermler, Rudolf Thauer na wenzao nchini Ujerumani.

Mfugaji wa Masisi ana kimeng'enya hichohicho kwenye matumbo ya ng'ombe wake: methani wanayocheua ni chakula kilichopotea bila kuwa maziwa. Dawa moja ya kuchanganya na chakula cha ng'ombe, iliyoruhusiwa Ulaya mwaka 2022, hufanya kazi kwa kukizuia kimeng'enya hiki tu.

Anayeishi kwenye joto kubwa kuliko wote

Kiumbe anayeshikilia rekodi ya joto naye ni mtengeneza methani. Methanopyrus kandleri aliyetolewa kwenye chemchemi za moto chini ya Bahari ya Hindi alikua maabara kwenye nyuzi 122, juu ya joto la maji yanayochemka juu ya jiko. Matokeo hayo yalichapishwa mwaka 2008. Ndugu zake wa Kivu wanaishi kwa upole zaidi, kwenye nyuzi kama 26.

Walaji wasiosifiwa

Ziwa lenye methani nyingi kuliko yote linapaswa kuchafua anga kuliko yote. Kumbe uso wa Kivu hutoa methani kidogo sana. Gesi inayopanda polepole hukutana na vijidudu vingine pale oksijeni inapoanza, navyo huila karibu yote.

Ghuba ya Kabuno, kaskazini-magharibi, ni ya kuangaliwa peke yake: kabonidioksidi iko karibu mno na uso, kuanzia mita 12 hivi. Maji yake yana chuma kingi, na mwaka 2015 watafiti walieleza bakteria wanaotumia mwanga wa jua na chuma hicho kujilisha, maisha yanayofanana na yale yanayodhaniwa kuwepo baharini mabilioni ya miaka iliyopita.

Umeme wa kwanza

Mwaka 1963 bomba la Cap Rubona, Rwanda, lilianza kutoa methani iliyopelekwa kwenye kiwanda cha bia cha Gisenyi, hatua chache kutoka mpaka wa Goma. Mwaka 2016 KivuWatt ya Karongi ilizinduliwa ikiwa na megawati 26, mtambo wa kwanza mkubwa duniani wa umeme kutokana na gesi ya ziwani. Maji huvutwa kutoka mita 350 hivi. Yakipanda, mgandamizo hupungua, mapovu hutokea, nayo huyainua mengine bila pampu. Mtambo wa Shema Power wa Rubavu ulisanifiwa kwa megawati 56. Upande wa Kongo, serikali ilitangaza mnada wa maeneo 3 ya gesi ya Kivu Julai 2022, huku nyumba nyingi za Goma zikiendelea kupika kwa makala kutoka misitu ya Virunga.

Arkea wa Kivu wanajaza polepole. Gesi iliyopo ni akiba ya karne nyingi. Lakini jambo linaloamua usalama ni mahali maji yanaporudishwa baada ya kutolewa gesi. Yakirudishwa juu mno, yanalegeza tabaka la mita 260 na kupeleka chumvi na virutubisho kwenye maji ya sambaza, ambako oksijeni inaweza kupungua. Kwa kila bomba litakaloshushwa upande wa Goma, kina cha kurudishia maji kiandikwe kwenye mkataba kwa mita, pamoja na jina la atakayekipima kila mwaka na mahali wananchi watakaposoma vipimo vyake.